Mtu akitoka buloko anafikia wapi? Njooni tuongee juu ya wafungwa wanaorudi mitaani kwetu

FundiWaKatuba

Jambo bandugu, wa hapa Lubumbashi, wa Kivu na popote muko. Niko na neno linanikaba na ningependa tuliongee vizuri bila kutukanana. Kila mara gereza likivunjwa tunajaa kwenye simu, sauti za WhatsApp, "majizi yametoka, fungeni milango", siku mbili tatu, kisha basi, kila mutu anarudia mambo yake. Lakini walio wengi hawatoki kwa kuvunja ukuta. Wanatoka mchana, kwa mlango, na karatasi mukononi, adhabu wamemaliza, na hao hakuna anayeuliza walifundishwa nini mule ndani wala usiku wa kwanza walilala wapi.

Mimi ni fundi wa kushona. Pamoja na kikundi cha parokia tunaingia gerezani kufundisha wamama (gereza gani silitaji, nataka waendelee kunifungulia). Watu wanafikiri kufundisha mule ni kama huku nje. Sindano zinahesabiwa mlangoni, mikasi inahesabiwa, kuingia na kutoka, na ikikosekana moja hakuna kutoka mupaka ionekane, kwa hiyo siku nyingi somo ni kukata patroni tu kwenye karatasi ya mifuko ya simenti. Mashini ni za kukanyaga kwa mguu, umeme ni wa kubahatisha. Wengine wako na watoto mgongoni, kwa sababu mtoto mudogo anafungwa pamoja na mama yake. Tunaanza na unifomu za shule, sketi ya bulu na shemizi nyeupe, kwa sababu masomo yakianza mwezi wa tisa soko yake iko tu, hata fundi mupya hakosi kazi. Na utashangaa, mama ambaye hajawahi kukaa darasani lazima kwanza ajue namba ili asome metre, kisha anataka kujua kuandika majina ya wateja, kwa hiyo darasa la kushona linageuka darasa la kusoma bila mutu kupanga.

Wanajua. Hapo sina shida. Wanashona kuliko vijana wangu wa atelie, kwa sababu mule hakuna simu ya kuchezea.

Shida inaanza akitoka. Huyu mama anatoka na akili ya kushona kichwani lakini mashini hana, metre hana, karte ya kura ilipotea siku ya kukamatwa, na huku kwetu bila ile karte wewe si mutu, hata kukodi chumba ni kelele. Nauli hana. Bwana ameoa mwingine, ndugu wanasema "utatuletea aibu". Nani atamupa kitambaa chake akishone? Mutu yuko na ufundi kamili na anarudi kuomba kwa yule yule aliyemuingiza kwenye mambo ya wizi, kwa sababu njo mulango pekee ulibakia wazi.

Umoja wa Mataifa waliandika kanuni za kutendea wafungwa, zilipitishwa tarehe 17 Desemba 2015, wakazipa jina la Nelson Mandela kwa sababu mzee yule alikaa kifungoni miaka 27. Ziko kanuni 122. Ya 107 inasema tangu siku ya kwanza ya adhabu lazima mufikirie maisha ya huyu mutu akitoka. Ya 108 inaenda kabisa kwenye mambo ya nyumbani: karatasi za utambulisho, mahali pa kulala, kazi, nguo zinazofaa majira, na cha kumfikisha kwao. Nilipoisoma nilikaa chini. Hawa walioandika wanajua kabisa mutu anakwamia wapi.

Kwa hiyo mi ninasema hivi: programu ya kumurudisha mutu kwenye jamii inapimwa nje ya mlango, ile miezi ya kwanza. Tukifundisha ndani tu na kumuachilia barabarani mikono mitupu tunapoteza kazi yote. Nataka kusikia waliotoka, wenye atelie na garaji, wanaojua sheria, na pia walioumizwa na wezi.

Kampemba_Moja

Mama fundi, heshima yako, lakini mi nitasema kinyume. Kwangu waliingia usiku, wakafunga wazazi wangu kamba, wakachukua kila kitu na kupiga baba yangu na chuma kichwani, hajapona sawasawa mupaka leo. Mtoto wangu anataka kujifunza kushona, nalipa. Mtoto wa dada yangu anataka mekaniki, tunalipa. Sasa yule aliyepiga baba yangu afundishwe bure, apewe na mashini? Na sisi nani alitupa hata pole? Tribinali ilituandikia malipo ya hasara kwenye karatasi, ile karatasi iko kwenye droo, hatujaona hata franga moja. Muanze na waliopigwa kwanza.

FundiWaKatuba

Ndugu yangu, pole sana, na baba pia. Sitakujibu na maneno ya kanisa.

Uko na haki kwa hili la waliopigwa. Hakuna anayewafikiria, na kila mara watu wa misaada wanaenda kupiga picha gerezani, nyumba ya aliyeibiwa haiingii mutu. Lakini sikia. Yule aliyepiga baba yako kama alihukumiwa, iko siku atatoka. Hatatoka kwenda mwezini, atarudi hapa hapa, Kampemba ao Ruashi ao kwangu Katuba. Swali ni atarudi akiwa nani. Wamarekani wa taasisi ya RAND walikusanya uchunguzi wa miaka mingi, wakatoa hesabu mwaka 2013: wafungwa waliosoma ao kufundishwa kazi wakiwa ndani, uwezekano wao wa kurudi gerezani ulikuwa chini kwa 43 kwa mia kulinganisha na wasiosoma. Na kila dola moja iliyowekwa kwenye masomo iliokoa dola 4 mupaka 5 za kuwafunga tena kwenye ile miaka mitatu ya kwanza. Ile ni nchi yao, yetu ni ingine, sawa, lakini tumbo la mutu ni moja kote.

Na juu ya malipo yako. Zile kanuni za Mandela, ya 103, zinasema mfungwa akifanya kazi alipwe kwa haki, kidogo atumie mwenyewe, kingine atume kwao, kingine kiwekwe akiba apewe siku ya kutoka. Mi ningeongeza fungu la nne, la aliyeumizwa. Mufungwa asiyefanya kazi yoyote atakulipa na nini? Akiwa anashona ao anatengeneza viti na vinauzwa, walau ile karatasi yako ya droo inaanza kuwa na maana. Hapo wewe na mimi tuko upande moja.

Kampemba_Moja

Hilo la fungu la nne nalikubali. Lakini liandikwe, lisibaki maneno ya mdomo.

Etudiant_wa_Kasapa

Mi nasoma droit, sheria, hapa UNILU, Chuo Kikuu cha Lubumbashi. Kila siku tunapita barabara ya Kasapa, hiyo hiyo barabara inayoenda campus njo inaenda prizoni, wanafunzi upande huu wafungwa upande ule, na miaka mingi watu wanapita bila kugeuza shingo.

Naomba niongeze kitu ambacho kwenye mambo ya reinsertion, kurudisha mutu kwenye jamii, watu wanasahau. Magereza yetu yamejaa watu wasiohukumiwa. Wanaitwa prevenu, wanangojea majistra. Sasa fikirieni, unataka kufungua kozi ya menwizeri, useremala, ya miezi sita. Aliyehukumiwa anajua tarehe yake, unaweza kumupanga. Prevenu hajui kama atatoka kesho ao atakaa miaka mitatu kabla dosie yake ifunguliwe. Hawezi kujiandikisha kwa chochote, kichwa chake kiko parke, kwa mwendesha mashtaka, kila mlango ukigonga anafikiri ni jina lake linaitwa. Kwa hiyo programu ya kwanza kabisa ya kurekebisha wafungwa Congo ni avoka, wakili, anayefuata dosie. Bila hiyo hata ulete mashini mia za kushona, utakuwa unafundisha watu ambao kwa sheria bado hawana kosa.

Iko pia liberation conditionnelle. Code pénal yetu, sheria ya jinai, kifungu cha 35 kinasema aliyehukumiwa anaweza kuachiliwa kwa masharti akimaliza robo ya adhabu, ila awe amekaa zaidi ya miezi mitatu, na wa kifungo cha maisha akipita miaka mitano. Robo tu! Ni wangapi mule ndani wanajua hiki kifungu? Ukifundisha mutu kushona mufundishe na hiki.

Uganda walifanya hivyo. Susan Kigula alihukumiwa kunyongwa, akafungwa Luzira, akaongoza kesi yeye na wenzake 417, na mwaka 2009 Mahakama ya Juu ikasema adhabu ya kifo ya lazima, ile jaji hana ruhusa ya kuchagua ingine, ni kinyume na katiba. Ye mwenyewe alisomea sheria akiwa mule mule gerezani kwa masomo ya mbali ya Chuo Kikuu cha London, akatoka 2016. Brazil nao waliandika kanuni mwaka 2012, mufungwa wa magereza ya serikali kuu akisoma kitabu na kukiandikia muhtasari anapunguziwa siku 4, mwisho vitabu 12 kwa mwaka, maana yake siku 48. Kitabu hakiombi umeme wala sindano ya kuhesabu mlangoni. Sisi tuko campus nzima ng'ambo ya barabara na tunashindwa kupeleka vitabu?

Mwana_wa_Birere

Nawaandikia toka Goma. Munaongea vizuri lakini huku kwetu mambo yalipita kipimo. Tarehe 27 Januari 2025, siku waasi wa M23 wanaingia mji, gereza la Munzenze lilivunjwa, watu zaidi ya elfu nne walitoka mara moja, kwenye jengo lililojengwa kwa mamia tu. Na mule ndani wanawake, ONU, Umoja wa Mataifa, ilisema zaidi ya mia moja, walibakwa na wafungwa wanaume, kisha moto, wengi wao wakafia mule na watoto wao. Mama fundi, wale njo wamama wa aina ya wanafunzi wako. Mi siwezi kuongea juu ya reinsertion bila kuongea hili. Gereza la Bukavu nalo lilibaki tupu mwezi uliofuata.

Wale waliotoka ni nani aliwaandika? Kuna aliyekuwa mwuaji na kuna aliyekuwa amefungwa juu ya deni la mbuzi, wote wamechanganyika na sisi, hakuna anayejua nani ni nani na jamii inawaogopa wote sawa.

FundiWaKatuba

Ndugu wa Birere, asante kuliandika. Huku kwetu pia, Kasapa, Septemba 2020, wafungwa waliasi, wamama walibakwa wakiwa mikononi mwao siku tatu nzima kabla serikali irudishe ulinzi. Mi naingia kufundisha wamama na hili liko kichwani kila mara. Kumurekebisha mutu kunaanza na kumulinda asiharibiwe zaidi akiwa mikononi mwa serikali. Mama aliyepitia yale hutamupa sindano na kumwambia shona, atakaa anakutazama tu. Iko siku hatushoni kitu, tunakaa, tunasukana nywele, wanaongea. Mwanzoni niliona ni kupoteza saa, sasa naona bila zile siku hakuna anayerudi kwenye mashini.

Nilikuwa_Ndani

Nasoma tangu jana, nimeona niandike. Mi nilifungwa, kosa nilifanya, sitasema sikufanya. Kidogo niwaeleze kutoka kunafanana na nini kwa sababu wote munaongea mukiwa nje.

Mule ndani iko serikali yake. Iko capita, mufungwa anayetawala wenzake, iko wasaidizi wake, unaingia unalipa, huna cha kulipa unalala karibu na choo ao unalala umekaa. Ndugu wasipoleta bukari, ugali, unakula vungule, mahindi na maharagwe, mara moja kwa siku na siku zingine hakuna. Mutu wa namna hiyo akili yake yote inakuwa kula leo. Sasa anakuja mwalimu anakwambia "fikiria miaka yako ijayo". Unataka kufikiria lakini tumbo linakataa. Kwa hiyo kama munataka programu ishike, iwe na chakula. Sisi tulienda kwenye menwizeri kwanza kwa sababu siku ya menwizeri kulikuwa sahani. Kazi yenyewe tuliipenda kisha.

Siku ya kutoka. Waliniita jina mchana, nikafikiri ni vizite, ndugu wamekuja kunitembelea. Nikapewa karatasi. Nilikuwa na sandale, suruali na ile karatasi. Nilisimama barabarani na sikujua nishike upande gani, magari yalikuwa mengi kuliko nilivyoacha, kelele zilinitisha. Nilitembea kwa miguu mupaka Kenya, komini ya hapa hapa Lubumbashi, nikangojea giza liingie ndipo niende nyumbani ili majirani wasinione. Mama yangu alifungua, hakusema kitu, akawasha mbabula ya makaa, akapika. Mi niko hapa leo kwa sababu ya hiyo. Lakini wengine niliotoka nao hawakuwa na mama, na ninajua walilala wapi, walilala kwa wale wale.

Kisha kazi. Kampuni moja ya sutretansi, inayofanyia kazi mine, ilitafuta wajenzi wa mbao za kumwagia zege, kofraji, mi naijua, nikapita mtihani wa mkono, patro akafurahi. Kisha wakaomba extrait ya casier judiciaire, ile karatasi inayoonyesha kama ulihukumiwa. Basi, ikaishia hapo. Sikuwachukia, wana sheria yao. Lakini nilijiuliza, adhabu ile ilikuwa ya miaka ngapi kwa kweli? Kwenye hukumu waliandika miaka, hawakuandika kwamba itaendelea kila nikipeleka dosie.

Nilichookoka nacho ni kazi isiyoomba karatasi. Mzee mmoja wa milango na vitanda alinichukua, alijua nimetoka wapi, hakunificha kwa wateja wala hakunitangaza. Miezi ya kwanza pesa hakunipa mkononi, alikuwa anaingiza kwenye likelemba ya atelie, ile ya kuchanga pesa na kupokea kwa zamu, kwa jina langu. Zamu yangu ilipofika nikanunua rabo yangu ya kuranda mbao na misumeno. Kama munataka kunakili kitu nakilini hiki. Mutu aliyetoka buloko ukimupa pesa nyingi mara moja, madeni ya ndani yanamufuata, iko wale wanaokuja mlangoni kudai. Ukimupa kifaa cha kazi na mahali pa kukitumia, kile kinabaki.

Dereva_Kasumbalesa

Bandugu, mi niko kwenye barabara ya Zambia kila juma. Wale jirani zetu walibadilisha hata jina mwaka 2016, toka Zambia Prisons Service kuwa Zambia Correctional Service, na wako na mashamba, wafungwa wanalima mahindi. Siseme kule ni paradiso, magereza yao pia yamejaa. Lakini mufungwa anayelima anakula alicholima na anatoka akijua kulima. Sisi hapa udongo wa Katanga ulivyo mzuri, mahindi tunayanunua toka kwao, na mikono ya watu maelfu imekaa bure inangojea vungule. Hii inanikera kweli kweli.

Etudiant_wa_Kasapa

Papa dereva, ordonnance yetu ya magereza, ile amri ya 17 Septemba 1965, tayari iliongea juu ya kazi ya wafungwa, tangu zamani. Tulicho na upungufu ni kutekeleza, na pia ulinzi, kwa sababu Septemba 2011 Kasapa ilishambuliwa, Gédéon, mukubwa wa Mai-Mai, akatoka na wengine karibu elfu moja, tangu siku hiyo ukiongea juu ya kutoa wafungwa nje kulima kila mukubwa anatetemeka. Nawaelewa. Lakini hao wa makosa madogo wangechaguliwa, dosie kwa dosie.

Mama_Ruashi

Mi naomba tu kuuliza, mtoto wa dada yangu anatoka karibuni, tumufanyie nini? Nyumbani wameshagawanyika, wengine hawataki hata kumuona.

Nilikuwa_Ndani

Mama, mutu moja tu aende kumungojea mlangoni. Asikute barabara tupu. Mumupelekee nguo na viatu kabla ya siku ile. Musimufanyie sikukuu kubwa na musimufiche chumbani. Juma la kwanza mumuache alale, atalala sana ao hatalala kabisa, vyote ni kawaida. Kisha kabla ya mwezi kwisha awe na mahali pa kwenda kila asubuhi, hata kama hapalipi.

Patro_Garaji_Kenya

Nimesoma yote. Niko na garaji karibu na soko ya Kenya, vijana wako wanne. Mi naweza kuchukua moja aliyetoka. Lakini nikuulize wazi mama fundi: nitajuaje ni nani ananiletea? Vifaa vyangu ni vya wateja pia. Akiiba kileki kimoja, spana, ni jina langu. Na hawa vijana wangu wataambiwa nini?

FundiWaKatuba

Papa, Mungu akubariki kwa kuuliza wazi, walio wengi wanasema ndiyo kisha simu inafungwa.

Sisi tunafanya hivi na wamama. Hatumleti mutu tuliyemujua siku ya kutoka, tunamuleta yule tuliyekaa naye darasani miezi, tunajua anakuja saa ngapi, anagombana na nani, alirudisha sindano ngapi. Kwa wanaume iko ndugu wa kikundi chetu wanaoingia upande wao, hao njo watakuletea na watakuambia kosa lilikuwa nini, na yeye mwenyewe akiwa amekaa hapo anasikia, hatusemi nyuma yake. Mwezi wa kwanza anafanya kazi mbele ya macho yako na vifaa unamuhesabia asubuhi na jioni, na vijana wako pia uwahesabie siku zile zile, wote, asijione amewekewa alama. Vijana uwaambie wewe, kabla hajafika, kwa maneno machache. Wakikuta habari mtaani itakuwa mbaya zaidi.

Sisi tunabeba nauli ya mwezi na chakula cha saa sita. Tunamusindikiza komini kwa ajili ya karatasi zake. Wewe usimulipe mkononi, tufanye ile ya mzee wa likelemba, mi nimeipenda sana na nitaipeleka kwenye kikundi Jumapili hii. Akimaliza miezi sita, ile pesa inunue trusi ya vileki yake mwenyewe.

Kampemba_Moja, na wewe nakuomba uje Jumapili. Lile fungu la nne nataka uliandike wewe na mkono wako.

Kampemba_Moja

Nitakuja. Baba nitamwambia, sijui atasema nini.

Patro_Garaji_Kenya

Sawa mama. Mulete anayejua kidogo mambo ya freni na diferansieli, na asiwe mulevi. Ovaroli ninayo. Viatu mumutafutie, huku chini ni mafuta na vyuma, sandale haziingii.